Namna ya Kudhibiti Sangari, Ndago na Nyasi Nyingine Vamizi Katika Uwanja wa Nyumbani Nairobi

Magugu ya majani mapana hayamsumbui sana mwenye uwanja wa nyasi, kwa sababu huonekana kwa mbali, hung'oka kwa urahisi ardhi ikiwa na unyevu, na dawa za kundi la 2,4-D huyaua bila kuzidhuru nyasi nyingi zilizopandwa. Kazi huwa ngumu pale gugu lenyewe linapokuwa nyasi. Dawa inayoua sangari huua pia nyasi za Kikuyu na za Pemba zinazopandwa uwanjani, na jembe linalochimbua sangari huvuruga uwanja mzima. Ndiyo maana wengi jijini Nairobi huishia kufyeka juu kwa juu, na kila msimu wa mvua gugu hurudi likiwa limejiongezea eneo. Kabla ya kununua chochote katika duka la pembejeo, inafaa kwanza kujua ni gugu lipi lililoingia, kwa kuwa namna linavyojihifadhi chini ya udongo ndiyo huamua kama litang'olewa, litachimbwa, litapakwa dawa au litanyimwa mwanga.

Kulitambua gugu

Chagua sehemu iliyovamiwa, chimba bonge la udongo la upana wa viganja viwili na kina cha jembe, ulitie katika karai la maji, kisha suuza polepole mpaka yabaki mashina na mizizi mitupu. Kazi hii fupi hufundisha mengi kuliko picha za mtandaoni. Ukikuta mashina meupe, magumu na membamba kama waya, yenye ncha kali na vifundo vingi, hiyo ni sangari, ambayo wataalamu huiita Digitaria abyssinica na ambayo wakulima wa kahawa wa Kiambu huijua kwa jina la thangari. Ncha hizo ni kali kiasi cha kutoboa kiazi kilichomo ardhini. Juu ya ardhi sangari haina makuu: majani membamba ya kijani kilichofifia, na suke lenye vidole vyembamba kadhaa vilivyopangika kandokando ya bua. Nguvu yake yote iko chini, na katika udongo laini wenye kina mashina hayo huweza kushuka hadi mita moja, ingawa sehemu kubwa hukaa karibu na uso wa ardhi. Kila kifundo kimoja kilichokatika kinaweza kuchipua mmea mpya.

Nyasi za Kikuyu zina mashina manene zaidi, yanayotambaa juu ya ardhi na chini yake pia, na majani yake yana vinyweleo. Siku chache baada ya uwanja kukatwa, asubuhi huonekana nyuzi nyeupe nyingi zimesimama juu ya majani. Hizo ni sehemu za ua, na ua lenyewe limejificha ndani ya ala ya jani, chini ya kimo ambacho mashine hufikia. Kwa hiyo aina hii hutoa mbegu hata katika uwanja unaokatwa kila wiki. Haistahili kuitwa ngeni hapa, kwa kuwa asili yake ni nyanda za juu za Afrika Mashariki, na Nairobi, iliyo kwenye mwinuko wa mita 1,700 hivi, ni nyumbani kwake kabisa. Inakuwa gugu pale tu inapoingia mahali ambapo haikupandwa, hasa katika uwanja wa nyasi za Pemba na katika vitanda vya maua. Huko ng'ambo haichekewi: Marekani imeiorodhesha, pamoja na sangari, miongoni mwa magugu hatari yanayodhibitiwa na sheria ya shirikisho.

Kundi la tatu ni la nyasi zinazoota kwa mashungi na kuzaana kwa mbegu. Iliyo ya kawaida zaidi ni Eleusine indica, ya jamii moja na wimbi, ambayo shungi lake hulala chini na kuwa na kitovu cheupe kilichobapa. Hupenda ardhi iliyoshindiliwa: pale gari linapogeuzwa, kando ya njia ya kwenda kwenye kamba ya nguo, karibu na geti. Ukiiona, ujue udongo wa hapo umekazika kiasi kwamba nyasi zako zimeshindwa kupumua.

Mwisho ni ndago, ambayo kwa kweli si nyasi. Likamate bua na ulizungushe kati ya vidole. La ndago lina pembe tatu, ilhali la nyasi ni la mviringo au limebapa. Chini yake kuna vinundu vyeusi vilivyoungana kwa mnyororo. Tofauti hii ina uzito kwa sababu ndago ina dawa yake maalumu, nayo sangari haina.

Majira ya kazi

Nairobi ina misimu miwili ya ukuaji: mvua ya masika kuanzia Machi hadi Mei, na ya vuli kuanzia Oktoba hadi Desemba. Kanuni ninayoifuata ni kuchimba wakati wa ukavu na kupaka dawa wakati gugu linakua. Anayechimba sangari katikati ya Aprili huwa anaipanda, kwa kuwa kila kipande kilichosalia hukuta unyevu na kuota ndani ya siku chache. Januari, Februari na Septemba ndiyo miezi ya jembe. Tahadhari moja inawahusu wanaoishi kwenye udongo mweusi wa mfinyanzi, kama South C, Embakasi na sehemu kubwa za upande wa mashariki wa jiji: udongo huo mwezi Februari hugeuka mwamba wenye nyufa, na mashina hukatikia ndani. Huko ni heri kuchimba wiki mbili tatu baada ya mvua kukatika, udongo ukiwa na unyevu lakini haunati kwenye jembe. Wenye udongo mwekundu wa Karen, Lavington au Runda hawana shida hiyo.

Kati ya Juni na Agosti, wakati wa baridi na mawingu, nyasi hukua polepole na dawa nayo husafiri polepole ndani ya mmea. Fedha ya dawa katika miezi hiyo huenda bure kwa sehemu kubwa.

Kuchimba sangari na nyasi za Kikuyu

Funga kamba ya katani kuzunguka eneo lililovamiwa, nusu mita nje ya jani la mwisho unaloliona, kwa kuwa ncha za chini hutangulia majani. Kata mpaka huo kwa sepetu, kisha anza kuchimba kutoka ukingoni kuelekea katikati, ili usiburute vipande kuvipeleka penye ardhi safi. Tumia jembe la meno, kamwe si jembe la kawaida wala panga. Jembe la kawaida hukata. La meno huinua. Lizamishe, liinamishe taratibu, tikisa bonge, kisha vuta shina kwa mkono kwa urefu wake wote. Mashine ya kulimia inayozungusha visu ndiyo mbaya kuliko zote, maana kila mzunguko huzaa mamia ya miche.

Udongo uliotoka upitishe kwenye chekeche la mchanga, lile wanalotumia mafundi wa ujenzi. Hatua hii huonekana kuwa ya kupita kiasi mpaka mtu aone rundo la vipande vya urefu wa sentimita mbili vilivyobaki juu ya wavu baada ya udongo uliodhaniwa kuwa safi kupita. Vipande vyote vitandaze juu ya mabati juani, uvigeuze kila baada ya siku mbili, na uvihesabu kuwa vimekufa pale tu vinapovunjika kwa mlio ukivikunja. Usivitie katika shimo la mboji vikiwa vibichi, na usivitupe kando ya barabara au mtoni; mvua ya kwanza itavipeleka kwa mtu mwingine.

Kama kazi itafanywa na kibarua, mlipe kwa siku, si kwa kipande. Malipo ya kipande humlazimu mtu yeyote mwenye akili kwenda haraka, na haraka ndiyo inayoacha vifundo ardhini. Mwonyeshe pia hilo karai la maji la mwanzo, ili mwelewe kwa pamoja kinachotafutwa.

Baada ya kuchimba, vishawishi vya kupanda nyasi mpya siku hiyohiyo ni vikubwa. Vipinge. Sawazisha ardhi, mwagilia maji, kisha acha wiki tatu. Kila shina litakalochomoza lifuate mpaka lilikoanzia na ulitoe lote. Rudia maji na kusubiri mpaka upite mzunguko mzima bila chipukizi hata moja, ndipo upande. Kwa sangari iliyokomaa mizunguko hiyo huweza kuchukua miezi kadhaa, na hakuna njia ya mkato.

Njia hii inafaa pale ambapo uvamizi ni wa mita kumi au ishirini za mraba. Ikiwa sangari imeshika uwanja mzima, maoni yangu ni kwamba mwenye nyumba ajiulize kwanza anautumia uwanja huo kwa jambo gani. Sangari iliyokatwa mara kwa mara huvumilia ukame na miguu ya watoto wanaocheza mpira, na kwa mbali watu wachache watatambua kuwa si nyasi ya kununuliwa. Kuihifadhi mahali ilipo, na kuilinda isiingie penye mboga na maua, kunaweza kuwa uamuzi wa busara kuliko kuvuruga kiwanja kizima. Asiyeridhika na hilo itambidi aue kila kitu na kupanda upya.

Dawa, na mipaka yake

Dawa inayotumiwa sana kwa kazi hii ni ile yenye kiambato cha glaifoseti. Huingia kupitia majani mabichi na kushuka pamoja na chakula cha mmea hadi kwenye mashina ya chini, na ndiyo maana hufaa kwa sangari kuliko dawa zinazounguza majani tu. Haichagui: ikigusa nyasi zako, waridi au mche wa parachichi, nao utadhurika. Hutapata dawa ya kunyunyiza ovyo juu ya uwanja wa Pemba ambayo itaua sangari na kuiacha Pemba salama, na muuzaji anayekuahidi hivyo usimwamini. Vilevile 2,4-D haitaisaidia kazi hii hata ukiirudia mara kumi, kwa kuwa imetengenezwa kwa ajili ya majani mapana.

Acha gugu likue bila kukatwa kwa wiki tatu au nne baada ya mvua kuanza, ili liwe na majani ya kutosha kupokea dawa. Pima kiasi kama kibandiko kinavyoelekeza, si zaidi, na uchanganye kwa maji safi. Maji yenye matope hupunguza nguvu ya glaifoseti kwa kuwa dawa hujishikiza kwenye chembe za udongo. Chagua asubuhi isiyo na upepo, umande ukiwa umekauka, na siku ambayo mvua haitarajiwi kwa angalau saa sita. Kisha usikate wala kuchimba kwa wiki mbili. Majani kuwa ya njano katika wiki ya kwanza si ushahidi kwamba mashina ya chini yamekufa. Sangari kwa kawaida huhitaji kupakwa tena pale chipukizi mpya zinapofikia urefu wa kidole.

Pale gugu lilipochanganyika na nyasi unazozitaka, weka kando bomba la kunyunyizia na utumie kupaka. Vaa glavu za mpira, chovya sifongo iliyofungwa kwenye kijiti katika dawa iliyochanganywa kwa kiwango ambacho kibandiko kinakiruhusu kwa kupaka, ikamue isidondoke, kisha pangusa majani ya gugu peke yake. Kimo hukusaidia hapa: ukiacha uwanja siku kadhaa bila kukata, nyasi za Kikuyu hunyanyuka juu ya Pemba na kuwa rahisi kuguswa. Ni kazi ya kuinama na kuchosha, lakini ndiyo pekee ya dawa inayoheshimu uwanja uliopandwa.

Kuhusu usalama, Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani liliiweka glaifoseti mwaka 2015 katika kundi la vitu ambavyo huenda vikasababisha saratani kwa binadamu, ilhali mamlaka nyingine, ikiwemo ya mazingira ya Marekani, hazikufikia uamuzi huo. Mtu anaweza kusoma pande zote na kuamua. Akiamua kuitumia, avae buti, glavu, miwani na nguo ya mikono mirefu, awaweke watoto na mbwa mbali mpaka majani yakauke, na asihifadhi mabaki katika chupa ya soda. Anunue bidhaa iliyosajiliwa na Bodi ya Kudhibiti Viuatilifu, PCPB, na akatae dawa inayopimiwa kwenye kichupa kisicho na kibandiko. Parakwati isitumiwe kabisa nyumbani: huunguza majani tu, sangari huchipua upya, na mtu akiimeza hata kidogo hakuna dawa ya kuibatilisha.

Chumvi, maji ya moto na oili chafu ya gari hupendekezwa mara nyingi. Maji ya moto huua kilicho juu tu. Viwili vilivyobaki huharibu udongo kwa muda mrefu kuliko sangari yenyewe.

Kunyima mwanga ni njia inayowafaa wasiotaka dawa. Kata gugu hadi chini, mwagilia, kisha funika kwa karatasi nzito nyeusi ya plastiki inayouzwa kwa mita katika maduka ya vifaa vya ujenzi au vya kilimo, ukigandamiza kingo kwa udongo. Mashungi hufa haraka. Mashina ya Kikuyu na sangari huhitaji miezi kadhaa, na hayana budi kukaguliwa pembeni kila wiki kwa sababu hutafuta mwanga nje ya kifuniko.

Ndago na nyasi za mashungi

Ndago ikivutwa kwa mkono hukatika na kuviacha vinundu ardhini, navyo huchipua. Hata hivyo kila chipukizi hugharimu kinundu akiba yake. Vinundu vipya huanza kutengenezwa takriban wiki nne hadi sita baada ya mmea kuchomoza, kwa hiyo anayepita kila baada ya wiki mbili akiing'oa ikiwa bado changa, kwa misimu miwili mitatu mfululizo, huichosha. Kwa eneo kubwa kuna kiambato cha halosalfuroni-metili, ambacho huua ndago na kuacha aina nyingi za nyasi. Ulizia bidhaa iliyosajiliwa kwa matumizi unayokusudia na usome kibandiko kuhakikisha nyasi zako zimetajwa. Ndago hupenda pia palipotuama maji, hivyo bomba linalovuja lirekebishwe kwanza.

Mashungi hutolewa kwa kisu kirefu kinachopenyezwa chini ya kitovu, kabla hayajatoa suke. Baada ya hapo toboa ardhi kwa jembe la meno, mashimo ya kina cha sentimita kumi, tia mchanga na mboji, ubadilishe pia njia ya watu ikiwezekana.

Mlango ambamo magugu huingilia

Uwanja mwingi mpya wa Nairobi huvamiwa siku ileile unapopandwa. Udongo mwekundu unaoletwa kwa lori kutoka mashamba ya pembezoni mwa jiji huwa na vipande vya sangari, na samadi ya ng'ombe isiyoiva hubeba mbegu za Kikuyu zilizopita tumboni zikiwa hai. Udongo ukishamwagwa, utandaze, umwagilie na usubiri wiki tatu kabla ya kupanda, na chochote kitakachoota ukiondoe. Samadi iwe imeoza mpaka imepoteza harufu na joto. Nyasi za kupanda zinazouzwa kwa gunia kando ya barabara zimwage juu ya mabati kabla ya kulipa, uzichambue, na ukiona waya mweupe hata mmoja tafuta muuzaji mwingine. Wanaokuja na mashine ya kukata nyasi kutoka boma hadi boma waombwe kuisugua chini yake kwa brashi kabla ya kuingia getini. Wengi hawakatai wakielezwa kwa adabu.

Kuufanya uwanja uwe mnene

Gugu hupata nafasi pale nyasi zilipopungua, na sababu kubwa ya kupungua ni kukata chini mno. Pemba ibaki sentimita tano hadi nane, Kikuyu tatu hadi tano, na usiondoe zaidi ya theluthi moja ya urefu kwa mara moja. Kunyoa mpaka udongo uonekane, kwa tamaa ya kupumzika mwezi mzima, ni kuwafungulia sangari na ndago mwanga wanaouhitaji.

Maji kidogo kidogo ya kila jioni huzoeza mizizi kukaa juu. Weka makopo matupu uwanjani unapomwagilia na usimame yakifika milimita 25 au karibu na hapo. Kiasi hicho kwa wiki moja isiyo na mvua kinatosha, na zamu ya maji ya mtaani ikiwa haba, ni afadhali mara moja kwa kushiba kuliko mara saba kwa kulowesha vumbi. Mvua ikianza, tia mbolea ya CAN kiasi cha gramu 20 kwa mita ya mraba, yaani takriban vifuniko vinne vya chupa ya soda, uinyunyize majani yakiwa makavu na umwagilie mara moja isiyaunguze.

Mahali palipochimbwa panda vipandikizi vya aina ileile kwa nafasi ya sentimita 10 hadi 15, vikaribiane kuliko desturi, ili viungane kabla ya msimu kwisha. Na kando ya ua unaopakana na jirani au na eneo la barabara, chimba mtaro wa upana wa sepetu na kina cha sentimita 20 hadi 30, au zika vipande vya mabati wima vikichomoza kidogo juu ya udongo. Mtaro huo ukaguliwe kila mwezi wakati wa mvua, na kila shina linaloning'inia ndani yake likatwe kabla halijafika upande wa pili.